Kalemie hakuna mkabila, ila jirani tu

KALEMIE – Anayemtafuta mtu wa ukabila katika mji huu atachoka miguu bure. Auliza Lubuye, auliza Kataki, ashuka bandarini wanapopakua unga, apanda hadi kwenye kambi za wakimbizi wa ndani upande wa Kalunga na Katanika. Kila mahali jibu ni lile lile: “Sisi hatuna shida na mtu. Wao ndio wenye ukabila.” Mluba anasema hivyo juu ya Mtwa. Mtwa anasema hivyo juu ya Mluba. Mtabwa na Mholoholo wanasema hivyo juu ya wote wawili, kisha wanaongeza kwamba mji ulikuwa mtulivu kabla watu hawa hawajafika. Ukiyaweka majibu yote pamoja, unapata mji wa watu wasio na ukabila hata kidogo, ambao kwa bahati mbaya wamezungukwa na wakabila pande zote nne. Hesabu hiyo haitoki. Kuna watu wamesahauliwa katika kuhesabu, nao ni wale wanaohesabu.

Ingekuwa jambo la kuchekesha kama halingekuwa limezika watu. Tangu mwaka 2013 vita vya Watwa (huku wengi huwaita Wambote) na Wabantu, zaidi Waluba, vimetembea kutoka Manono na Nyunzu hadi karibu na milango ya Kalemie. Vijana wa Kitwa walijiita Perci, wakatembea na mishale. Vijana wa Kiluba walijiita Éléments, wakatembea na mapanga na mishale vilevile. Tarehe 30 Aprili 2015, Éléments waliingia kambi ya Vumilia 1 karibu na Nyunzu na kuua Watwa wasiopungua 30, watu ambao walikuwa wameshakimbia mara moja. Perci nao walichoma vijiji, wakaua, wakafukuza wakulima kwenye mashamba yao barabara nzima ya Nyunzu. Kufikia katikati ya mwaka 2017 watu zaidi ya nusu milioni katika jimbo la Tanganyika walikuwa hawalali kwao. Wengi wao walifika Kalemie na masufuria kichwani, wakajenga vibanda vya nyasi pale walipoonyeshwa. Oktoba mwaka huo Umoja wa Mataifa uliiweka Tanganyika, pamoja na Kasai na Kivu ya Kusini, kwenye daraja la juu kabisa la dharura, daraja lililokuwa la nchi kama Siria na Yemeni.

Sasa lichukuliwe tukio moja tu, lile la Oktoba 2016 upande wa Kabalo, lililowasha moto upya. Lilianzia kwenye kodi ya viwavi wa kula. Watwa walikuwa wameokota viwavi msituni, wakubwa wa Kiluba wakataka sehemu yao, na katika mapigano watu wasiopungua 20 wakafa. Mtwa akiulizwa, atasema: tulikuwa tunaokota chakula alichotupa Mungu, wakaja kutunyang’anya kama wanavyonyang’anya siku zote. Mluba akiulizwa, atasema: mavuno ya ardhi ya shefu hutolewa ushuru tangu enzi za mababu, hata sisi tunautoa, lakini wao siku hizi wamefundishwa kudharau kila mkubwa. Hakuna anayedanganya hapo, na ubaya wenyewe uko papo hapo. Mwongo hujua mahali alipoficha ukweli, kwa hiyo unaweza kumbana. Huyu hajaficha kitu. Anaeleza alichokiona, na alichokiona kilikwisha kuchujwa kabla hakijamfikia.

Waswahili walilijua jambo hili zamani wakasema nyani haoni kundule. Lakini iangaliwe jinsi methali hiyo inavyotumiwa Kalemie. Haijasikiwa bado ikitoka kwenye kinywa cha mtu anayejisema mwenyewe. Siku zote inarushwa ng’ambo, kama jiwe. Hata Mathayo sura ya 7, habari ya kibanzi katika jicho la ndugu na boriti katika jicho lako, ikihubiriwa Jumapili, nusu ya kanisa inatoka nje ikisikitika kwamba fulani hakuja siku hiyo, maana neno lilikuwa lake kabisa. Neno lililotolewa liwe kioo limegeuzwa kuwa tochi.

Jambo hili si la Wakongo peke yao, wala halitoki msituni. Mwaka 2002 wataalamu watatu wa Marekani, Emily Pronin, Daniel Lin na Lee Ross, walitangaza utafiti juu yake. Waliwaeleza watu aina mbalimbali za upendeleo unaopotosha akili, mfano kujisifu kwa mafanikio na kuwatupia wengine lawama za kushindwa, kisha wakawauliza: wewe unaathirika kiasi gani, na Mmarekani wa kawaida kiasi gani? Wengi walijiona wao wameathirika kidogo kuliko wenzao. Waliwauliza hata abiria katika uwanja wa ndege wa San Francisco, wawalinganishe abiria wengine waliokuwa pale pale, na jibu likawa hilo hilo. Lililo zito zaidi ni hili: waliojipa alama nzuri walielezwa waziwazi kwamba binadamu ana tabia ya kujipa alama nzuri kupita haki yake. Wakaulizwa kama wangependa kubadilisha. Wengi walijibu kwamba alama zao ni sahihi, na wengine wakasema labda walijipunguzia.

Kuna na habari ya mpira. Novemba 1951 vyuo viwili vya Marekani, Princeton na Dartmouth, vilicheza mechi mbaya ya mpira wao ule wa kubeba mikononi. Mchezaji wa upande mmoja alivunjika pua, wa upande wa pili akavunjika mguu. Baadaye wataalamu Hastorf na Cantril waliwaonyesha wanafunzi wa vyuo vyote viwili filamu moja ya mechi hiyo na kuwaambia wahesabu makosa. Wanafunzi wa Princeton waliona Dartmouth wakifanya makosa zaidi ya mara mbili ya yale waliyoyaona Dartmouth wenyewe. Filamu ni ile ile, macho mawili kwa kila mtu. Yeyote aliyewahi kukaa kati ya washabiki wa Mazembe na wa Lupopo siku ya mechi ya Lubumbashi hahitaji kuambiwa zaidi. Tofauti ni kwamba mpira unaisha saa kumi na mbili jioni watu wakarudi kula bukari.

Kwa nini mtu asijione? Kwa sababu anatumia mizani mbili. Mwenzake anampima kwa matendo, maana matendo ndiyo yanayoonekana. Yeye mwenyewe anajipima kwa nia, maana nia yake anaijua, au anadhani anaijua. Anaingia moyoni mwake, anatafuta chuki, haikuti, anatoka amejiridhisha. Lakini upendeleo haukai pale anapotafuta. Hauna sauti. Unafanya kazi yake wakati mtu anachagua nani wa kumwamini, nani wa kumkatiza, nani wa kumtuma maji.

Mfano uko karibu na si wa kabila. Miaka ile watu walipojaa kambini, mjini maneno yalikuwa tayari: hawa wamezoea kupewa, hawataki kulima, mwingine ana nyumba yake Lubuye na amejenga kibanda ili apate jetoni. Waliokuwa wanasema hivyo waliona matendo, yaani watu wamekaa, watu wamepanga mstari. Hawakuona shamba lililobaki kilomita 100 nyuma na mtu mwenye mshale amesimama ndani yake. Halafu mwaka 2024 ziwa likapanda. Maji ya Tanganyika yakaingia nyumba za kando, ukuta ukalainika, kitanda kikaelea, na wakaaji wa mji wakatoka na masufuria kichwani kama wale wa Nyunzu. Ghafla maelezo yakabadilika: sisi si wavivu, ni maji, sisi hatupendi msaada, ila serkali iko wapi? Walikuwa na haki kabisa. Ila haki hiyo hiyo waliinyima familia ya jirani kwa miaka saba, na si wengi waliosimama kwenye matope kulinganisha maneno hayo mawili. Wakimbizi wa zamani nao hawakukosa lao. Wako waliosema: sasa na wao wamejua. Waliyasema kwa furaha kidogo, na hiyo furaha hawakuiita ukatili.

Hapa ndipo inabidi kugombana na watu wenye nia njema, kwa sababu wenye nia mbaya hawasomi habari hizi. Kwa miaka kumi Tanganyika imeletewa semina. Mabango yanapigwa misumari, madaftari yanagawanywa, Fanta inafunguliwa, pesa za usafiri zinalipwa, na mwishoni mwezeshaji anasimama na kusema kila mtu aende akajichunguze moyo. Watu wanapiga makofi. Wanajichunguza kweli, kila mmoja anakuta moyo safi, anasaini listi, anarudi nyumbani akiwa na hakika zaidi kwamba shida ni wale wengine. Mafunzo ya namna hiyo hayaondoi upofu, yanaupa cheti.

Na kuwaacha watu waongee tu peke yake si dawa. Mwaka 2007 huko Kivu mchezo wa redio unaoitwa Kumbuka Kesho ulirushwa kufundisha watu kuishi pamoja. Mtaalamu Elizabeth Levy Paluck alipanga utafiti: sehemu fulani zilisikia mchezo peke yake, sehemu nyingine zilisikia mchezo pamoja na kipindi cha mazungumzo kilichowahimiza wasikilizaji wajadiliane na kujaribu kumwelewa mwenzao. Mtu angetegemea wale wa mazungumzo wawe wamelainika zaidi. Ilikuwa kinyume. Walijadiliana zaidi, lakini walitoka na uvumilivu mdogo zaidi, wamekumbushana machungu yao, na walipogawiwa chumvi na kuulizwa kama wangetoa sehemu kwa kundi wasilolipenda, walikuwa wazito zaidi kutoa. Matokeo hayo yalitangazwa mwaka 2010. Redio za Kalemie zinazofungua simu na kusema “karibuni mtoe maoni yenu kuhusu amani” zinapaswa kuyajua. Kila anayepiga simu analeta boriti ya mwenzake.

Wenye masomo watajitoa kwenye shutuma hizi, na wao ndio wa kwanza wa kushikwa. Mwaka 2012 Richard West, Russell Meserve na Keith Stanovich walipima kama watu wenye akili kali hawana upofu huu. Hawakukuta kinga yoyote. Wenye akili zaidi walikuwa wapofu sawa na wengine au kuzidi kidogo. Mwenye diploma ana maneno mengi zaidi ya kuutetea upande wake, basi. Katika Kalemie hilo linaonekana bila utafiti: mkulima atasema hampendi Mtwa, wakili atasema anasikitishwa na hali ya “watu hao kutokuzoea maisha ya mji”. Mfanyakazi wa ONG kutoka Kinshasa au kutoka Ulaya ataandika ripoti juu ya ukabila wa Tanganyika, na katika gari lake dereva, mtafsiri na mhasibu wametoka wote kabila moja, kwa kuwa mmoja alimleta mwingine. Hakuna aliyekusudia.

Waandishi wa habari wasijione wametengwa. Wakisikia kijiji kimechomwa, wanapiga simu kwa shefu, kwa msimamizi wa teritware, kwa prezida wa shirika la raia. Watu hao ni karibu wote Wabantu, kwa sababu kwa vizazi hivyo ndivyo vyeti vilivyogawanywa. Mtwa anatajwa, hasikiki. Kijana wa upande wetu anaitwa “mwenye kujilinda”, wa upande ule “mwasi”. Silaha ni moja, panga ni panga.

Kuna wakati hoja hii inatumiwa vibaya, na lazima isemwe wazi. Wako wanaopenda kusikia kwamba pande zote ni vipofu, ili waseme basi wote ni sawa, tusameheane, tusifukue. Hapana. Upofu ni wa wote, uzito si wa wote. Katika vijiji vingi Mtwa alilima shamba la mwenzake kwa kulipwa muhogo au pombe. Mwanaume wa Kiluba aliweza kuoa binti wa Kitwa, Mtwa akithubutu kuoa binti wa Kiluba ikawa kesi. Utemi ulikuwa wa Wabantu, shule ya Wabantu, ardhi kwenye karatasi ya Wabantu. Ilibidi kungoja hadi tarehe 15 Julai 2022 ndipo ikatiwa saini sheria namba 22/030 ya kulinda haki za Wambilikimo wa asili wa Kongo, na sheria si shamba. Mwenye nguvu akiwa kipofu anakanyaga watu, mnyonge akiwa kipofu mara nyingi anajikwaa mwenyewe. Lakini “mara nyingi” si “siku zote”. Mama wa Kiluba aliyezika watoto wake njiani akikimbia mishale ya Perci hana deni la kumlipa mtu kwa makosa ya mashefu. Anayemwambia avumilie kwa sababu Watwa walionewa zamani anafanya lile lile: anapima kilio chake kwa mizani moja na kilio cha wengine kwa nyingine.

Basi kama moyo haujioni, kiangaliwe kitu kinachoonekana. Viti vinaonekana. Baraza za vijiji ziliundwa ili Watwa na Wabantu wakae pamoja kusuluhisha ugomvi kabla haujawa damu, na thamani yake haiko kwenye maneno mazuri ya siku ya ufunguzi. Iko kwenye hesabu: Watwa wangapi wamekaa, wangapi wamesema, nani amekatizwa, kesi ngapi zimekwisha kwa faida ya nani. Mkulima hamwombi ng’ombe ajichunguze kama amekula mihogo. Anahesabu mashina.

Kambini ni hivyo hivyo. Listi ya jetoni isomwe kwa sauti mbele ya watu wote, na anayeisoma asiwe wa ukoo wa aliyeiandika. Wazee wanaogawanya ploti wapewe madai mawili yaliyofutwa majina na vijiji, waamue kwanza, ndipo waambiwe nani ni nani. Shefu anayeamua kesi ya mbuzi aliyekula mahindi ajaribu kugeuza majina: mbuzi angekuwa wa Mluba na mahindi ya Mtwa, faini ingekuwa hiyo hiyo? Haya yanawaudhi watu, kwa kuwa yanaonekana kama kuwatuhumu. Mfanyabiashara wa soko la Kalemie haoni kwamba ametukanwa mteja akirudisha kipimo cha unga kwenye meza na kukiangalia upya. Mizani inakaguliwa kwa sababu ni mizani, si kwa sababu mwenye duka ni mwizi. Mwenye hasira ya kukaguliwa ndiye wa kukaguliwa mara mbili.

Wanasiasa wa jimbo nao wamekwisha kuombwa mara nyingi wabadilike roho. Februari 2017 kulifanyika hapa Kalemie mkutano mkubwa wa amani kati ya jamii hizi mbili, na roho zilibadilika mbele ya kamera. Mwaka huo huo haukwisha bila vijiji vingine kuungua. Liwali yeyote atakayekuja asiulizwe tena kama anawapenda Watwa na Wabantu sawasawa. Atasema ndiyo, na atakuwa anaamini. Aulizwe Watwa wangapi wanalipwa mshahara katika ofisi za jimbo, na Watwa wangapi na Wabantu wangapi wako gerezani Kalemie kwa makosa ya vita hivi, na jibu litoke kwenye karatasi.

Na redio za hapa zinaweza kuanza kesho bila kungoja mfadhili. Zichukue matangazo ya mwezi uliopita, zihesabu dakika ambazo Mtwa alisema kwa kinywa chake mwenyewe, dakika ambazo mkimbizi alisema na dakika ambazo wengine walisema kwa niaba yao, halafu hesabu hiyo isomwe hewani, kwa saa ile ile ya habari, kabla ya matangazo ya vifo.